Mguu wa Kasim

Abdul-Latif hakuwa mtu wa kutulia. Nyumbani kwake Ntinda, mkewe Maimunah alimwekea chai mezani, naye akainywa amesimama dirishani, akatoka na kikombe barazani, akarudi, akatoka tena, mpaka chai ikapoa mkononi. Alikuwa na miaka sitini na mitatu, na karibu arobaini kati ya hiyo aliipitisha akiwachekesha watu wa Kampala. Alianzia jukwaani, akaingia redioni, akacheza filamu zilizooneshwa kwenye vibanda vya video, akafika kwenye runinga. Siku hizi alikuwa kwenye simu za watu, vipande vya dakika moja moja ambavyo yeye mwenyewe hakujua nani alivikata wala nani alivirusha.

Jina lake walilijua wachache. Koplo Mbio alijulikana na kila mtu.

Koplo Mbio alikuwa askari mzee mwenye koti refu la jeshi na mdomo mrefu kuliko koti. Alisimama katikati ya jukwaa akisimulia vita alivyopigana, akichanganya Kiswahili cha kambini na Kiganda kilichovunjika, akihesabu maadui aliowaua kwa mkono mmoja huku mwingine umeshika mwiko wa ugali. Kisha kifuniko cha sufuria kikaanguka nyuma ya pazia, na Koplo akatimua mbio. Mguu wa kushoto ulitoka nje, ukapiga nusu duara, ukarudi. Bega likazama, likaibuka. Alikimbia kama kiti cha miguu mitatu kinachoteremka ngazi. Watu walicheka hadi wakaona wanakufa. Ilikuwa mwaka wa themanini na saba alipoanza, na ukumbini hakukuwa na mtu ambaye hajawahi kumwogopa askari wa kweli. Walimcheka yule wa jukwaani kama wanaotapika kitu kilichowakaa tumboni miaka mingi.

Sasa kituo kimoja cha runinga kilitaka kumfanyia sherehe. Mtayarishaji wake, mwanamke wa Gulu aitwaye Anena, alimkalisha mbele ya kamera Jumatano moja, wiki mbili na siku chache kabla ya siku yenyewe.

"Mzee," Anena akauliza, "hiyo mwendo ya Koplo ulitoa wapi?"

Latif alitoa jibu alilolitoa siku zote. Palikuwa na koplo mmoja aliyelinda lango la shule yao, mtu mwema, alichechemea hivyo hivyo, Mungu amrehemu. Alikuwa amelisema jibu hilo mara nyingi hata yule koplo akapata mke, akapata mbwa, akapata na maradhi yaliyomuua.

Anena alifurahi. "Basi sisi natafuta familia yake! Tunaweka wao mbele kabisa, siku ya Jumapili, watu napigia wao makofi. Utatuletea wao, Mzee?"

"Nitawaleta," Latif akasema, kwa sababu kamera ilikuwa ikimtazama.

Alitoka pale akatembea kwa miguu kupitia msongamano wa Ntinda, kati ya magari yaliyosimama, akasahau kuwa alikuja na gari la rafiki aliyekuwa akimngoja nje. Alipofika nyumbani aliingia mlango wa mbele akatokea wa nyuma.

"Unatafuta nini?" Maimunah akamuuliza.

"Kasim."

Maimunah aliacha kuchagua mchele. "Kasim wa viatu? Leo umemkumbuka?"

Kasim alikuwa binamu yake. Mama yake Kasim, Bi Rehemah, alikuwa dada wa baba yake Latif, na ndiye aliyemlea Latif tangu mama yake alipofariki. Wavulana wale wawili walikula sahani moja na kulala mkeka mmoja, katika nyumba ya Wanubi ambamo kila mwanamume, tangu babu aliyeletwa kutoka Sudan na jeshi la Waingereza, alikuwa amevaa magwanda. Maimunah alijua hayo. Alijua pia kwamba mwendo wa Koplo ulikuwa wa Kasim. Mwongozaji wa kundi lake la kwanza la maigizo alimwambia Latif, "Maneno yako yanachekesha, lakini mwili umelala." Wiki hiyo Latif akamwona Kasim akipanda mlima na gunia la viatu vya mitumba begani, mguu ukipiga nusu duara, naye akaenda nyuma ya nyumba akaujaribu. Jumapili ya tatu ya maonyesho Kasim alikuja ukumbini na shati lililopigwa pasi, akakaa safu ya tatu, tayari kumshangilia ndugu yake. Koplo alipokimbia, ukumbi ukaanguka kwa kicheko. Latif alipoitazama tena safu ya tatu, kiti kilikuwa kitupu. Tangu siku hiyo walikutana misibani tu, wakapeana mikono, wakaachana.

Hayo Maimunah aliyajua. Palikuwa na jingine ambalo Latif hakuwahi kumwambia mtu yeyote.

Kesho yake alishuka soko la Owino. Alivaa kofia iliyomfunika mpaka nyusi, lakini haikumsaidia. Mwanamke aliyekuwa akikunja mashuka alipaza sauti, "Koplo! Koplo Mbio huyo!" na mtu mwingine, nyuma ya mlima wa suruali, akaangusha beseni la bati sakafuni.

Latif akakimbia. Hakuamua kukimbia, mguu wa kushoto ulitoka nje wenyewe, bega likazama, mikono ikashika kofia, akapita kati ya nguo za watoto zilizoning'inizwa huku soko likilipuka kwa vicheko kutoka safu hadi safu. Wapagazi waliweka mizigo chini ili wacheke vizuri. Alipofika mwisho wa njia aligeuka, akapiga saluti, akainama kuyapokea makofi. Alipoinuka akaona amesimama kwenye safu ya viatu.

"Unamutafuta nani, Koplo?" aliuliza mwanamke mmoja aliyekuwa na meza ya viatu vya kike. Alikuwa Mkongomani, Bibiane, mtu wa Butembo, na peke yake katika safu ile hakuwa anacheka.

"Kasim Abdul-Karim. Alikuwa akiuza viatu hapa. Mtu wa umri wangu, ana..." Latif akasita. Miaka yote hiyo hakuwa amelitamka neno lile juu ya Kasim. "Anachechemea."

"Kasim alitokaka hapa kitambo. Miaka kumi na ine. Hii meza ni yake, mimi ndiye nilibakia nayo."

"Kwa nini aliondoka?"

Bibiane alimtazama aone kama anatania. "Weye haujue? Ile beseni waliangusha saa hii, yeye walikuwa wanamuangushiaka kila siku. Anafika asubuhi, paa! Anaenda kuswali, paa! Kimbia Koplo, kimbia! Na yeye anatembea tu, polepole. Sikumuonaka kukimbia hata siku moja. Kisha siku ingine alikuwa amebeba katoni, haone mbele, wakaangusha bati nyuma yake kabisa. Akashituka, akaanguka, jino likatoka. Kesho yake akaniambia, Bibiane, kamata meza."

Latif alivua kofia, akaivaa. "Yuko wapi sasa?"

"Bukoto, karibu na soko. Anatengeneza masanduku ya safari. Umupatie salamu yangu."

Siku ile ile alipanda bodaboda hadi Bukoto. Alikiona kibanda, akaona masanduku yaliyopangwa nje, akamwambia dereva, "Twende tu." Ijumaa alirudi, akapita tena. Jumamosi alishuka, akanunua nyanya asizozihitaji, akapanda. Wiki nzima iliyofuata alikuwa mazoezini kwa mwili tu. Alisahau maneno aliyoyasema mara elfu; alitoka katikati ya onyesho kwenda kunywa maji na kupitiliza hadi barabarani. Anena alimpigia simu kila siku. "Familia ya koplo umepata, Mzee?" Naye akajibu, "Wako njiani."

Alhamisi, saa sita mchana, zikiwa zimebaki siku tatu, alishuka mbele ya kibanda na kumlipa dereva kabla moyo haujageuka.

Kasim alikuwa ameinamia sanduku, koleo mkononi, akirudisha meno ya zipu moja moja. Ndevu zilikuwa nyeupe zote.

"Asalaam aleikum."

"Wa aleikum salaam." Kasim hakuinua uso. "Kaa juu ya hilo jeusi. Ni gumu, litakubeba."

Latif akakaa, akainuka, akakaa.

"Umekuja kuchukua nini tena?" Kasim akauliza.

Alilisema bila ukali, kama fundi anavyomuuliza mteja, na Latif akajibu. "Nimekuja kuomba msamaha. Kwa ajili ya mwendo wako. Na ya Owino. Sikujua ya Owino, Kasim, wallahi."

"Mguu watu wakiucheka, si kitu. Hata mimi huucheka. Siku za matope mimi naamua kwenda Kisaasi, wenyewe unaamua kwenda Kamwokya." Alijaribu zipu; ikakwama; akairudisha. "Lakini yule mtu wako anakimbia. Ungemweka akae, ungemweka acheze ngoma, auze karanga. Ulimchukua mtu mwenye mguu wangu ukamkimbiza. Nani alikimbia, Latif?"

Latif alitazama barabarani. Lori lilikuwa likirudi nyuma likipiga honi.

"Mimi," akasema.

"Aa."

"Mimi ndiye niliyekimbia."

"Hasifa wangu alikuwa na miaka tisa. Shuleni walimwambia baba yake ndiye Koplo Mbio wa kweli, mguu ni ushahidi. Akarudi nyumbani akaniuliza, Baba, vitani ulikimbia ukamwacha nani?" Koleo likatulia. "Ningemjibu nini? Niseme si mimi, ni baba yako mdogo? Mama alituweka kapu moja. Nikanyamaza. Na mtoto, ukimnyamazia, anajijibu."

Latif alikuwa amesimama tena. "Nitasema. Jumapili, mbele ya watu wote, kamera zote zikiwa..."

"Mimi sikukuomba kamera. Hasifa huniletea chakula saa saba. Mwambie yeye."

Na Hasifa akaja, mwanamke wa miaka thelathini na minne, mkunga katika zahanati ya jirani, bado na sare yake, chakula katika chombo cha kutunza joto. Alipomwona mgeni alipiga goti kumsalimu, uso ukimng'aa. "Baba mdogo! Ama nikuite Koplo? Kila mama anayekuja kujifungua huniuliza kama ni kweli tuna undugu."

"Ana neno la kukuambia," Kasim akasema.

Neno lenyewe halikuwa refu. Mwaka wa sabini na tisa, serikali ya kijeshi ilipoanguka, watu wa familia za askari walikimbilia kaskazini, kwenda Sudan. Latif alikuwa na miaka kumi na saba, Kasim ishirini. Lori walilopanda liliharibika kabla ya daraja la Karuma, wakaendelea kwa miguu. Bi Rehemah alikuwa na homa na hakuweza kutembea. Kasim alimshika mkono mmoja, Latif mwingine, wakambeba katikati yao. Risasi zilipolia nyuma, karibu, Latif aliachia. Uzito wote ukamwangukia Kasim, wakaporomoka yeye na mama yake kwenye mtaro wa mawe, na mguu wa Kasim ukavunjika mahali pawili. Aliuburuta hivyo, naye hakumwachia mama, mpaka watu wengine walipowaokota asubuhi. Mguu uliungana vibaya katika kambi ya wakimbizi ya Yei, upande wa Sudan, kwa sababu hapakuwa na daktari. Bi Rehemah aliishi miaka minne baada ya hapo. Latif aliwakuta kambini wiki tatu baadaye, na Bi Rehemah hakumuuliza aliko­kuwa. Alimpa uji.

Hayo ndiyo aliyopaswa kusema. Alianza vizuri. Alisema mwaka, akasema njia. Kisha akafika kwenye lori, na kinywa chake, ambacho kwa miaka arobaini kilikuwa kimefunzwa kazi moja, kikaanza kukohoa kama injini. Hasifa akatabasamu. Latif akamleta dereva wa lori, akamletea kigugumizi. Hasifa akacheka. Akamleta mjomba sajini aliyevua magwanda akavaa gauni la mkewe, na Hasifa akashika ubavu. Latif alijisikia akienda na hakuweza kujishika, mikono ilipaa, nyusi zikapaa, na alipofika mahali penyewe, risasi zikilia, Bi Rehemah begani, alijisikia akisema, "Basi nikatazama saa yangu, nikaona, lo, nimechelewa Sudan!"

Hasifa alicheka mpaka akakaa chini.

Kasim aliweka koleo juu ya sanduku. Latif alimwona, akaacha. Alitoa mfukoni kadi mbili za mwaliko, akaziweka karibu na chombo cha chakula. "Jumapili, saa tisa alasiri," akamwambia Hasifa. "Tafadhali uje." Akaondoka akitembea haraka hadi Ntinda, na kijasho kikimtoka alijilaani kwa Kinubi, lugha ya shangazi yake.

Jumapili ukumbi ulijaa hadi kwenye ngazi. Kulikuwa na watu waliokuja kumtazama wakiwa wachumba na sasa walikuja na wajukuu. Nyuma ya pazia Anena alikuwa akimrekebisha kola.

"Familia ya koplo wako wapi?"

"Hakuna koplo, Anena. Hajawahi kuwapo. Mguu ni wa binamu yangu."

"Yuko hapa?"

"Hawezi kuja."

Anena alitazama saa. "Basi hapana neno, tutasema ni mgonjwa. Ingia."

"Na leo sifanyi mguu."

Anena alidhani ni mzaha. Alipoona si mzaha alimshika mkono wa koti. "Mzee, sikiliza mimi. Watu nakuja kuona hiyo mguu. Bila mguu hakuna Koplo."

Muziki ulikuwa umekwisha kuanza. Latif aliingia jukwaani akitembea wima, hatua sawa, mzee wa kawaida ndani ya koti kubwa. Mnong'ono ukapita ukumbini. Alianza majigambo, na watu wakacheka, maana majigambo yalikuwa mazuri. Kifuniko cha sufuria kikaanguka kama ilivyopangwa. Latif hakukimbia. Watu wakacheka kwa hamu, wakidhani anawachelewesha makusudi. Kifuniko kikaanguka tena, kwa nguvu zaidi. Bila shaka Anena mwenyewe ndiye aliyekitupa. Latif akabaki palepale. Kijana mmoja juu kabisa akaanza, "Mguu! Mguu!" na ukumbi mzima ukaitikia, wakipiga viti kwa viganja.

Mguu wa kushoto ulitaka kwenda. Aliusikia ukivuta, kama mbwa aliyeitwa na bwana wake. Akaukanyaga.

Alivua koti, akaliacha chini. "Mimi sijawahi kuwa askari," akasema, na wakacheka. "Lakini nimewahi kukimbia." Wakacheka zaidi. Aliona kuwa mikono yake imeanza kupanda, akaifunga nyuma ya mgongo, kidole kwa kidole, akasimulia hivyo, kama mwanafunzi aliyeitwa mbele ya darasa. Alisimulia lori bila kukohoa. Alisema mwendo wanaoucheka ni wa Kasim, mwana wa Bi Rehemah, na jinsi alivyoupata. Kicheko kilipungua, kikarudi alipovuta pumzi, kikapungua tena. Watu walikuwa wakitazamana, wakisubiri mahali pa kucheka, na kila alipokaribia mahali pale yeye mwenyewe alipaona, neno likimjia tayari limenolewa, na kila mara alilimeza.

"Nikamwachia," akasema. "Shangazi yangu, aliyenilea. Nikakimbia. Na miguu yangu yote miwili ilikuwa mizima."

Mtu mmoja alicheka peke yake, akakoma. Mtoto akalia, mama yake akamtoa nje. Mzee mmoja safu ya mbele, aliyevaa kanzu, alikuwa ameinamisha kichwa na hakukiinua. Kisha makofi yakaanza upande mmoja, yasiyo na uhakika, pazia likafungwa, na muziki ukapigwa juu sana.

Nyuma ya pazia Anena alipita akiongea na simu, hakumtazama. Latif alikaa juu ya sanduku la taa, akainuka, akaomba maji, akayasahau. Alijikuta akiwaza kama alisema vizuri, kama alinyamaza mahali panapofaa kabla ya neno la mwisho, akajionea aibu kwa kuwaza hivyo.

Hasifa alikuja peke yake. Kadi ya pili ilikuwa bado mkononi mwake.

"Ni kweli?"

"Ni kweli."

"Na siku ile kibandani?"

"Ilikuwa hiyo hiyo. Sikuweza kuisema."

"Nilicheka," Hasifa akasema. "Baba amekaa pale, mimi nacheka." Sauti yake ilikuwa ya mtu anayeuliza. "Mguu wake ulivunjika wewe ukiwa umefika wapi?"

"Karibu. Nilimsikia akipiga ukelele. Nikaendelea."

Hasifa akatoka bila kuaga.

Kituo kilirusha sherehe wiki iliyofuata. Latif na Maimunah waliitazama wakiwa wamesimama wote wawili. Majigambo yalikuwapo, kifuniko kikaanguka, na hapo, badala ya mzee aliyesimama wima, wakatia kipande cha miaka ishirini iliyopita, Koplo akikimbia, mguu ukipiga nusu duara. Asubuhi Latif alikwenda kituoni. Anena alimpokea vizuri, akamletea soda. "Wakubwa wamesema inaleta huzuni, Mzee. Watu walilipa kucheka." Akamwonesha simu yake: kipande kile kile cha zamani, kilichokatwa na mtu asiyejulikana, kilikuwa kimetazamwa mara laki mbili tangu jana. Latif alimwomba akiondoe. Anena alimtazama kwa huruma ya kweli. "Nitatoa yetu. Ya watu nitatoa vipi?"

Alikataa kazi mbili za Koplo mwezi ule, na tangazo moja la redio. Dukani Ntinda mtu aliangusha ndoo nyuma yake; akageuka, akamwokotea. "Mzee amechoka," akasikia wakisema. Alitembea sana. Alikwenda Kibuli kuswali, akaenda Bombo kutazama mahali nyumba ya Bi Rehemah ilipokuwa, akakuta maduka. Alipeleka salamu za Bibiane Bukoto kwa kumtuma fundi jirani, maana mwenyewe alishindwa kusogea hadi kibandani. Maimunah, ambaye alikuwa amesikia habari ya barabara ile kwa mara ya kwanza siku ya onyesho, hakumlaumu wala kumtuliza. Siku moja tu alimuuliza, "Mimi ningeanguka, ungeniachia?" Naye akasema, "Sijui." Maimunah akatikisa kichwa polepole, akaendelea na kazi yake. Siku tatu hawakusemezana sana.

Wiki ya tano simu ililia.

"Baba mdogo, ni Hasifa. Baba anasema uje Jumamosi, saa nne."

"Amesema mwenyewe?"

"Nimemuuliza mimi, akasema kibanda hakina mlango." Kisha akasema, "Nataka kumjua Haboba, bibi yangu. Nimekaa miaka yote hii sijui hata sauti yake. Baba akimsimulia hufika kwenye ile barabara ya Karuma akakoma, ndiyo maana sikumuuliza tena. Wewe uanzie nyuma kabisa. Na usinichekeshe."

Jumamosi alifika saa tatu na nusu, akazunguka soko mara mbili mpaka saa nne ikatimia. Hasifa alikuwa ameshafika, hana sare leo, ameketi na daftari mapajani. Kasim alikuwa amewapa mgongo, akishona mpini wa begi kwa uzi wa nailoni. Aliitikia salamu bila kugeuka.

Latif hakujua aanzie wapi. Jukwaani daima kulikuwa na mlango wa kuingilia.

"Haboba wako," akasema, "alikuwa mwanamke mrefu. Alipoingia mlangoni alikuwa akiinama..."

"Hakuwa mrefu," Kasim akasema, sindano ikiwa katikati ya meno. "Mlango ulikuwa mfupi."

Hasifa aliziba mdomo kwa daftari, lakini kicheko kilikuwa kimemtoka. Latif alingoja kiishe. Alikuwa na jibu la kumrudishia Kasim, jibu zuri, na aliliacha lipite.

"Basi hakuwa mrefu," akasema. "Alikuwa na mikono mikubwa. Ijumaa asubuhi, kabla hajasuka vikapu, alikuwa akitukogesha sote wawili kwenye karai moja, na maji yalikuwa ya baridi."

"Ya moto," Kasim akasema. "Wewe ulikuwa unaingia wa pili."

Hasifa akaandika.